Mwaka wa Uzimbwe

Mwezi uliopita tulimzika Boke upande wa kushoto wa nyumba yake, kama wake wa boma hili wanavyozikwa. Watu walipokwisha kula na kuondoka, mjukuu wake anayesoma chuo kule Rongo alikuja kuketi nami, akaniuliza kama ni kweli nyanya yake aliwahi kutengeneza dunia. Alikuwa amelisikia neno uzimbwe tangu akiwa mdogo. Watoto wakigombania kiti, nyanya yake aliwaambia, "Mnaukausha uzimbwe," na hakuna aliyewahi kuwaeleza maana yake. Nilimjibu kwamba ni kweli, kwamba dunia ile tuliitengeneza wawili, na kwamba aniache kwanza nioshe vikombe. Mimi ni mzee wa kanisa. Nimefundisha darasa la ubatizo miaka mingi, na nimesema mbele ya watu wengi kwamba Mungu aliumba vyote, na bado ninasema hivyo kila ninapoamka. Lakini kuna mwaka mmoja wa miaka ya tisini ambao nisingeuvuka na akili zangu bila kitu ambacho hakikuwahi kuwepo, na Mungu huyo huyo ndiye ninayemshukuru kwa kitu hicho.

Mume wangu alikuwa dereva wa lori la samaki. Lori lilipinduka barabarani, tukamzika mwezi wa Julai, hapa, mwendo mfupi kutoka mji wa Homa Bay. Sikuwa nimepata mtoto. Baada ya mazishi niliingia katika hali ambayo Wajaluo wanaiita chola, yaani mjane bado amebeba kifo na hajakitua. Mjane wa namna hiyo haingii nyumba ya mtu, hampi mtu mkono, halali kwingine, hata kwa wazazi wake harudi. Anakaa hivyo mpaka mwanamume wa ukoo amrithi na kulala kwake, ndipo anafunguliwa. Nilikuwa nimesomea mambo ya imani miaka miwili na nilijua nitakavyojibu. Nilimwambia mama mkwe wangu, kwa heshima, kwamba sitarithiwa. Hakunigombeza. Alisema tu kwamba mlango wa boma uko wazi, ila nikitoka kabla ya kufunguliwa, nisirudi kupitia mlango huo huo. Mchungaji wetu alinitumia salamu kwamba niko huru katika Bwana. Nilizipokea. Lakini mchungaji alikuwa na nyumba ya kulala, na mimi nilikuwa na hii tu.

Bado ninaiona nyumba ile ilivyokuwa. Chumba kimoja, pazia la maua ya bluu katikati, mabati ambayo saa saba mchana yalianza kulia kwa joto kama mtu anayevunja vidole. Mashati ya mume wangu yalining'inia kwenye msumari kwa sababu hakuna aliyeruhusiwa kuyagawa bado. Dirisha lilikuwa moja, likitazama uwanja wa Mama, yaani mama mkwe, na kupitia hapo nilijua kila kilichopikwa, nani amekuja, nani amekataa chai. Watu walinisalimu kutoka mbali. Mke wa jirani aliniletea mboga akaiweka juu ya jiwe, akarudi nyuma, ndipo akaniita niichukue. Sikuwachukia. Walikuwa na watoto, na waliogopa chira, ile laana ya kudhoofika inayosemekana humpata mtu aliyevunja utaratibu. Nilisali asubuhi na jioni, na kati ya asubuhi na jioni kulikuwa na mchana mrefu ambao hata sala haikuufikisha mwisho.

Boke aliingia kwa makosa. Alikuwa ameolewa na shemeji yangu, Odhiambo, mdogo wa pekee wa mume wangu, ambaye alifanya kazi ya kupakia tumbaku kule Migori na kuja nyumbani mwisho wa mwezi. Alimtoa Kehancha, kwa Wakuria, akamleta hapa wiki chache kabla ya msiba, na hakujua Kijaluo hata cha kuomba chumvi. Hakuna aliyekumbuka kumweleza chochote. Siku moja wageni wa matanga wakiwa wamekwisha kuondoka, alinusa mboga yangu ya mrenda, akaingia, akaketi juu ya kitanda changu, akamega ugali wa mtama kwenye sahani yangu na kula. Ilikuwa mara ya kwanza tangu Julai mtu kukaa karibu nami kiasi cha kusikia pumzi yake. Mama alipotokea mlangoni, Boke alikuwa analamba vidole. Mama alitazama sahani, akatutazama sisi, akasema kwa Kiswahili chake cha soko la samaki, "Basi. Sasa nyinyi wawili ni kitu moja. Nyar Kuria, wewe pia umefungwa." Nyar Kuria ni binti wa Wakuria. Sijui kama wazee wote wa Kijaluo wangekata hivyo. Boma letu lilikata hivyo. Boke aliniuliza kwa nini yule mama amekasirika, na nilipokwisha kumweleza akauliza kama basi anaweza kumaliza ule ugali.

Hivyo ndivyo tulivyofungwa pamoja, Mkuria na Mjaluo, tukiwa na Kiswahili tu kati yetu. Mvua za vuli zilikuja zikapita na mashamba hayakupandwa, kwa maana kupanda nako kuna zamu yake. Mama mwenye boma anatangulia, kisha mke wa mtoto mkubwa, kisha mke wa mdogo. Mke wa mtoto mkubwa nilikuwa mimi, na mjane wa chola hawezi kutia mbegu ardhini. Mama alikataa kupanda peke yake, akisema shamba lake likiota na yetu yakabaki wazi, atakuwa amewatenga wanawe. Kwa hiyo zamu yangu ilisimama na kila kitu nyuma yake kikasimama. Tulikula mahindi ya mwaka uliopita mpaka yakaisha, kisha unga wa kununua, kisha muhogo na omena, wale dagaa wa ziwani. Ziwa lenyewe lilikuwa limefunikwa na magugumaji mwaka ule, mitumbwi inakwama, samaki ni adimu. Ilionekana kwangu kwamba hata maji yamewekwa chola.

Mchana mmoja nilimwomba Boke anisimulie hadithi ya kwao. Alikataa. Alisema hadithi za Wakuria zina wenyewe, na akizikosea kwa Kiswahili, bibi zake watamsikia. "Lakini hii Kiswahili haina mwenyewe hapa," akasema. "Wewe unaazima, mimi naazima. Tutengeneze yetu." Alikuwa anakoroga uji wa wimbi, mwiko mkononi, akiangalia ndani ya sufuria. Akaanza kuniambia kwamba kuna nchi inaitwa Hareta, na kabla ya Hareta hakukuwa na juu wala chini, kulikuwa na uzimbwe tu. Nikauliza uzimbwe ni nini. Akasema si maji, maana haulowanishi. Si moshi, maana una uzito. Ni mzito kama uji huu kabla ya kuchemka, lakini una roho, unasikia. Kila kitu kitakachokuwepo kilikuwa ndani yake tayari, kimelala, hakina jina. Na hakukuwa na kwanza ndani ya uzimbwe, wala baadaye. Uji ukaanza kuchemka, akanionyesha mapovu kwa ncha ya mwiko. "Angalia, dada. Gani imetangulia?" Nilitazama kwa bidii kabisa, kama mtu anayefanya mtihani, na sikuweza kusema. Ndivyo viumbe vya Hareta vilivyotoka, akasema, vyote kwa mara moja.

Kuanzia siku hiyo tulikuwa na mahali pa kwenda. Boke ndiye aliyezaa sehemu kubwa, nami nilikuwa muulizaji, kwa sababu ndicho nilichofundishwa. Nilimuuliza nani aliuumba huo uzimbwe. Akasema nisimharakishe, bado hajafika huko. Nilimuuliza, na hapa sikuwa natania, kama watu wa Hareta wanauabudu. Aliniangalia kwa mshangao. "Wewe unaabudu unga?" akasema. Nilicheka mpaka nikafunika mdomo, maana mjane hasikiki akicheka. Lakini usiku nililiwaza jambo hilo nikaona amenijibu vizuri kuliko alivyojua. Maandiko yenyewe yanatuonyesha mwanzo usio na umbo, giza na maji, na Roho akiwa juu yake, na hayasemi hali ile ilidumu muda gani. Mimi nilikuwa nimeupita mstari huo mbio siku zote ili nifike kwenye nuru. Mwaka ule nilijifunza kukaa ndani yake. Nilielewa kwamba Mungu hakuona haya kukaa na kitu ambacho bado hakijawa kitu.

Kisha alikuja Sawaro. Sawaro alikuwa mmoja wa wale waliotoka kwa pamoja, lakini aliamka asubuhi moja akawaambia wenzake kwamba yeye ndiye aliyefumbua macho kabla yao wote. Hakuna aliyeweza kumbishia, kwa kuwa hakuna aliyekuwa ameangalia. Basi akawapanga, huyu baada ya huyu, na kila alipomweka mtu nyuma ya mwingine, uzimbwe ulikauka mahali hapo ukawa jiwe. Ndiyo milima ya Hareta. Ndiyo kufa pia, alisema Boke, kwa sababu kukiwa na foleni lazima kuwe na mtu anayefika mwisho. Tulikuwa tumefika hapo, yeye anachambua mchele, mimi nashona kola, tuliposikia sauti nje ya dirisha. Mama alikuwa ameketi kwenye kigoda chini ya ukuta wetu akichagua mawe kwenye omena, na kwa jinsi rundo lilivyokuwa limepungua, alikuwa hapo kitambo.

"Na huyo Sawaro," akauliza, "mama yake alisema nini?"

Boke alimjibu kwa adabu kwamba Sawaro hakuwa na mama, alitoka kwenye uzimbwe.

"Ndiyo maana hana heshima," Mama akasema, akaendelea na omena zake.

Hakuwahi kuingia ndani. Lakini baada ya hapo kigoda chake hakikuondoka chini ya ukuta ule, na Boke akawa anapaza sauti kidogo bila kuambiwa. Siku Boke aliposema kwamba uzimbwe haukukauka wote, kwamba kila mtu wa Hareta ana tone chini ya ulimi, na akifa wanamwacha mdomo wazi ili lile tone lirudi lilikotoka, na hakuna anayeogopa nyumba yake wala mke wake kwa sababu hakuna kilichobaki cha kuogopa, niliacha kushona. Nilikumbuka kitambaa walichomfunga mume wangu kidevuni mochari. Nililia kwa mara ya kwanza kama mtu, si kama mjane anayesikilizwa na umati. Nje, kelele za mawe ya omena kwenye ungo zilinyamaza.

Januari ilipoisha bila unga, mzee wa ukoo alikuja, kaka yake marehemu baba mkwe. Hatukuitwa. Tulisikiliza dirishani, Boke akinishika mkono, mimi nikimtafsiria kwa kunong'ona. Mzee alisema njaa ya boma hili inachekesha watu mpaka sokoni. Mvua za masika ziko karibu, na kuna jambo moja la kufanya, na mtu wa kulifanya ni mmoja. Odhiambo aje kutoka Migori amrithi mke wa kaka yake kabla ya mvua, ili zamu ifunguke. Niliendelea kutafsiri mpaka jina hilo, kisha sikuhitaji kutafsiri tena. Boke aliondoa mkono wake taratibu, kama mtu anayetoa mkono kwenye maji bila kutaka yatikisike.

Hakuja kwangu siku ile wala siku zilizofuata. Nilimwona kupitia dirisha akichota maji, akifua, amenipa mgongo. Nyumba ilirudi kuwa chumba kimoja chenye mashati. Nilijaribu kwenda Hareta peke yangu na sikuweza. Nilipiga magoti na kumweleza Mungu kwamba nimejaribu kumtii, na tazama, utii wangu unawanyima watu chakula, na njia ya kuwalisha inapita kitandani kwa mume wa mtu pekee anayekula sahani moja nami. Odhiambo alikuja mwisho wa mwezi na kilo ya sukari. Mama alipomuuliza, nilimsikia akisema yeye hana neno, wakubwa waamue. Ni mtu mpole, na mpaka leo tunaishi vizuri, lakini jioni ile nilitamani awe na neno.

Alipokwisha kurudi Migori, Boke alikuja. Hakuketi kitandani. Alisimama karibu na pazia.

"Dada, ukikubali sitakuchukia," alisema. "Nimejipima, nimeona sitakuchukia. Lakini sitakuwa tena na mtu wa kuongea naye. Wewe utakuwa mkubwa na mimi nitakuwa mdogo, basi, tutakuwa mawe."

Nilimwambia sitakubali. Aliniuliza basi tutakula nini. Nilimwambia sijui. Nikamwambia pia kwamba nimewaza kuondoka, nipitie ule mlango nisirudi, ili wabaki yeye na Mama na zamu yao fupi. Aliuliza nitalala wapi, na hilo nalo sikujua, kwa maana hata nyumba ya mama yangu mzazi ilikuwa imefungwa kwangu. Mawingu yalikuwa yameanza kukusanyika upande wa ziwa, na mashamba matatu yalikuwa yamelimwa na kungoja, la Mama juu, langu chini yake kulia, la Boke chini yake kushoto.

Mvua ya kwanza ilinyesha alfajiri. Kulipokucha, Mama alikuja mlangoni kwangu na vibuyu vitatu vya mbegu, mahindi yaliyochanganywa na mtama, na baadaye nilijua alikuwa amezificha chini ya kitanda chake muda wote ule tulipokuwa tunalala na njaa. Alimwita na Boke. Alitupeleka shambani, akamsimamisha kila mmoja kwenye ukingo wa shamba lake, mahali ambapo mashamba yote matatu yanakutana, tukawa karibu kiasi cha kugusana. Mvua ilikuwa imeacha tope jeusi linalonata vidoleni. Ndipo aliponiuliza mimi, kwa sababu mimi ndiye niliyesoma: "Ile uji yenu. Kweli hakuna wa kwanza?"

Nilimwambia katika hadithi hakuna.

"Na hakuna wa nyuma?"

Boke akamwambia hakuna.

"Basi sisi watatu tutaangusha pamoja. Chira ikija, itafute nani alitangulia. Haitaona mtu." Kisha akaongeza kwa Kijaluo, kwa sauti ya chini, kwamba amechoka kuzika, na hataki kumzika binti aliye hai ndani ya nyumba ya mwanawe.

Nilielewa anachotoa. Zamu ya kwanza ilikuwa yake, ndiyo heshima ya mwenye boma, na alikuwa ameishika tangu mama mkwe wake alipomwachia. Alikuwa anaiweka chini pale topeni mbele ya wake wawili wa wanawe. Tuliinama, kila mmoja na ngumi ya mbegu juu ya shimo lake. Boke akasema atahesabu mpaka tatu. Mama akakataa. Anayehesabu amejua kabla ya wengine, akasema, huyo ndiye wa kwanza. Boke akasema basi Mama ahesabu. Mama akasema hiyo ndiyo mbaya kabisa. Tulibaki tumeinama, migongo inauma, tukibishana kama wanawake wa sokoni nani asihesabu, mpaka Boke akaanza kucheka na Mama akamwambia ataangusha mbegu kwa kicheko chake. Hapo ndipo nilipoomba ruhusa nisali. Nilisema tutaangusha kwenye neno ambalo watu husema pamoja.

Sikumbuki niliomba nini. Nadhani nilishukuru kwa mvua, nikamtaja mume wangu kwa jina, jambo ambalo hakuna aliyekuwa amelifanya kwa sauti tangu Julai. Nikafika mwisho. Tukasema amina, sauti tatu, ya Kijaluo, ya Kikuria na ya soko la samaki, na mikono ikafunguka.

Mzee alikuja kabla ya saa sita, habari zikiwa zimemfikia. Alisimama ukingoni akiangalia mashamba matatu yenye mistari mibichi, akauliza nani alianza. Mama alimwambia hakuna. Akauliza tena kwa ukali, akamgeukia Boke, kisha mimi, na sote tulimjibu vile vile kwa sababu ndiyo ilikuwa kweli. Alisema jambo kama hilo haliwezekani. Mama akamwambia akae kivulini angoje ziote, kisha atuambie yeye ni lipi lililotangulia. Zikaota wiki ileile, mashamba yote. Mzee hakurudi kulizungumza tena, kwa kuwa hoja yake ilikuwa ni shamba, na shamba lilikuwa limepandwa. Odhiambo alibaki kuwa shemeji yangu.

Jumapili iliyofuata nilivaa nguo nyeupe za kanisani, nikapita kwenye mlango wa boma na Boke ubavuni mwangu. Sikujua kama ningeruhusiwa kurudi. Njia ilikuwa na tope na watu walitoka nje ya nyumba zao kutuangalia. Tulikuwa hatujafika mbali tuliposikia ndala zikipiga nyuma yetu, na sauti ya Mama ikituambia kwamba wanawake wenye akili hawamkimbii mtu mzee, tumngoje, tutembee sote.